Kuhara kumekoma, vidonge vya zinki bado

MTOTO akiacha kuharisha siku ya tatu, vidonge vya zinki vilivyobaki huishia kabatini. Mzazi anaona kazi imekwisha.

Bado. Mwaka 2004, Shirika la Afya Duniani na UNICEF walishauri mtoto anayeharisha apewe ORS pamoja na zinki kwa siku 10 hadi 14: miligramu 20 kwa siku, au 10 kwa aliye chini ya miezi sita.

ORS ndiyo ya dharura. Maji yakipungua mwilini, damu inayofika kwenye figo hupungua, na mkojo nao hupungua. Mtoto asiyekojoa kwa saa nyingi apelekwe kituoni bila kungoja asubuhi.

Zinki huenda polepole. Husaidia utumbo kupona na hupunguza uwezekano wa kuharisha tena miezi miwili au mitatu ijayo. Hata seli za ubongo huitumia katika kupashana taarifa.

Chakula pekee hakitoshi kuifidia haraka. Ugali na maharage ya Karatu vina zinki, ila nafaka na kunde zina kemikali inayoishika, nyingi ikatoka chooni. Nyama, ambayo wafugaji wa Ngorongoro wanayo zizini, huitoa kwa urahisi zaidi, lakini ng'ombe hachinjwi kila wiki kwa ajili ya mtoto wa mwaka mmoja.

Kidonge huyeyushwa kwenye kijiko cha maji safi au maziwa ya mama. Akikitapika ndani ya nusu saa, apewe kingine.