Herufi zilizochorwa Afrika

Mwagize kijana wa mabango nembo "yenye ladha ya Kiafrika", na mara nyingi utaletewa ngao, mbuyu na jua linalozama. Herufi zenyewe ataziokota kwenye orodha ya fonti za kompyuta, dakika mbili, basi. Kitabu cha Saki Mafundikwa, Afrikan Alphabets, kinatua papo hapo tunapopita mbio.

Mafundikwa ni Mzimbabwe aliyesomea usanifu wa michoro Chuo Kikuu cha Yale, akafanya kazi New York, kisha akarejea Harare na kuanzisha chuo cha usanifu cha ZIVA mwaka 1999. Kitabu kilitoka 2004. Ndani yake utakutana na alama za Nsibidi za kusini-mashariki mwa Nigeria, na hati ya Wavai wa Liberia iliyobuniwa na Momolu Duwalu Bukele miaka ya 1830.

Kinachonoga zaidi ni kisa cha Sultani Njoya wa Wabamum, Kameruni. Mwishoni mwa karne ya 19, yeye na watu wake walibuni mamia ya alama, nyingi zikiwa picha za vitu. Wakaanza kuzipunguza: mstari huu ukatwe, alama ile iachwe. Kufikia mwaka 1910 hivi zilibaki kama 80, zikiwakilisha silabi na tarakimu. Anayechora nembo leo anaijua kazi hiyo: kupunguza mpaka kibaki kile tu ambacho jicho linakihitaji. Utawala wa Kifaransa uliizima hati hiyo, na Njoya akafia uhamishoni Yaoundé mwaka 1933.

Pwani yetu nayo ina la kusema. Mwalimu Sikujua wa Mombasa, aliyefariki mwaka 1890, alizitia herufi za Kiarabu alama za ziada ili zibebe sauti za Kiswahili sawasawa.

Anayetaka mwongozo wa kupanga ukurasa au kuchagua rangi atafute kitabu kingine. Hiki ni hazina ya mifano. Faida yake ni kwamba kinamwonyesha mbunifu waliomtangulia wakiwa kazini, wakijaribu na kufuta, badala ya kumwachia mapambo ya kunakili. Vyuo vyetu vya sanaa vingekiweka kwenye somo la mwaka wa kwanza, na mwanafunzi achore herufi zake kwa mkono kabla ya kuruhusiwa kufungua orodha ya fonti.