Mangungo Alikosa Nini?

Katika madarasa yetu ya historia, na hata katika mabaraza ya siasa yanapozungumzwa mambo ya mikataba mibovu, jina la Mangungo, mtawala wa Msovero katika nchi ya Usagara, hutajwa kwa kicheko na dharau, kana kwamba Mwenyezi Mungu alimnyima akili. Naiona hukumu hiyo kuwa ni dhuluma ya pili juu ya ile ya kwanza aliyotendewa na mgeni, kwa kuwa watoao hukumu hawapambanui baina ya mpumbavu, ambaye anayo akili wala hataki kuitumia, na ghashimu, ambaye ni mtu mwenye akili timamu aliyekabiliwa na jambo ambalo maisha yake hayajapata kumwonyesha mfano wake.

Mwezi wa Novemba 1884 Carl Peters, Mjerumani wa umri wa miaka 28, alishuka Unguja pamoja na wenzake wachache, baada ya kusafiri kwa siri na kwa majina yasiyo yao, kisha wakavuka hadi Saadani na kuingia bara. Katika majuma machache walipita Uzigua, Unguu, Usagara na Ukami, wakimwendea mtawala mmoja baada ya mwingine kwa zawadi na vinywaji, pengine wakichanjiana damu ili mgeni na mwenyeji wawe ndugu, kisha wakipandisha bendera, wakisoma maneno ya Kijerumani na kupiga bunduki kwa heshima. Mkataba wa Msovero una tarehe ya 29 Novemba. Uliandikwa kuwa ni wa urafiki wa milele, lakini ndani ya urafiki huo mlitiwa pia kwamba Mangungo anamkabidhi Peters, kwa niaba ya chama chake cha ukoloni, nchi yake yote pamoja na haki zake zote, naye Peters ataikumbuka Msovero siku ya kuitamalaki Usagara. Mangungo akatia alama yake.

Na tujiulize kwa insafu: mtu yule alikuwa anajua nini? Alijua habari za wageni, tena sana, maana misafara ya pwani ilikuwa imepita katika nchi zile kwa miaka mingi, ikitoa hongo, ikipumzika, ikaendelea na safari yake. Alijua kwamba zawadi ni ombi la njia na usalama. Alijua kwamba waliochanjiana hawasalitiani, na kwamba ardhi si mali ya mtu mmoja hata aweze kuiuza, bali mtawala ni mwangalizi wake tu kwa ajili ya walio hai, waliokwisha kufa na watakaozaliwa. Yote hayo yalikuwa maarifa ya kweli yaliyomfaa kila siku mpaka siku ile. Lisilopata kumfikia ni kwamba katika mji wa ng'ambo ya bahari karatasi yenye alama yake ingekuwa na nguvu kuliko maneno aliyoambiwa kwa kinywa.

Mkutano wa Berlin, ambamo mataifa ya Ulaya yalipatana juu ya desturi za kuigawana Afrika, ulimalizika tarehe 26 Februari 1885, na kesho yake Kaizari Wilhelm wa Kwanza akatia sahihi barua ya himaya juu ya nchi zile za mikataba ya Peters. Seyyid Barghash wa Unguja alipinga. Yeye hakuwa ghashimu hata kidogo; alikuwa amezoeana na mabalozi, mikataba na hila zake. Basi ujuzi wake ulimfaa nini? Mwezi wa Agosti manowari za Kijerumani zilitia nanga mbele ya jumba lake, naye akalazimika kukubali. Kwa hiyo yeyote asemaye kwamba nchi hii ilipotea kwa sababu ya ujinga wa Mangungo anamtwisha mtu mmoja mzigo uliokuwa wa mizinga.

Mfano wa Lobengula, mfalme wa Wandebele, unafanana na huu. Mwaka 1888 aliahidiwa kwa mdomo kwamba watakaokuja kuchimba madini hawatazidi watu kumi, na ahadi hiyo haikuandikwa katika mkataba. Alipotanabahi, alituma wajumbe hadi London na kuukana. Hiyo ndiyo dalili ya ghashimu: akionyeshwa, hufahamu.

Sisemi kwamba ughashimu ni hali ya kudumu nayo, wala simsifu mzazi amfichaye mwanawe mambo ya dunia akidhani anamhifadhi. Nasema kwamba lawama yake ni ya yule aliyejua na akaitumia imani ya asiyejua kuwa mtego. Peters, ambaye watu wa nchi hii walimwita Mkono wa Damu, alifukuzwa utumishini na serikali yake mwenyewe mwaka 1897 kwa ukatili alioutenda Kilimanjaro. Nasi tungali tunamcheka Mangungo.

Hata leo wapo vijana wanaotia sahihi mikataba ya kazi za ugenini iliyoandikwa kwa lugha wasiyoisoma, wakitegemea maneno matamu ya wakala. Ewe msomaji, akikujia mmoja wao na karatasi yake, usimwite Mangungo. Keti naye, mtafute ajuaye lugha ile, mkaisome neno kwa neno kabla hajaishika kalamu.