Fahamu: Kusasisha runinga janja kwa flashi

Runinga ya zama hizi, ijapokuwa kwa dhahiri ni kioo kilichotundikwa ukutani, kwa hakika ni kompyuta, na programu iliyomo ndani yake huhitaji kusasishwa mara kwa mara, ama kuziba mianya ya usalama, ama kuondoa kasoro. Na yule asiyekuwa na intaneti ya kutegemewa nyumbani amewekewa njia ya flashi.

Sharti la awali, ambalo aghalabu hupuuzwa, ni kuijua namba kamili ya modeli iliyoandikwa katika kibandiko nyuma ya runinga, kwani faili la programu la modeli moja huenda lisifae kwa nyingine, hata zikifanana. Pakua faili hilo katika tovuti rasmi ya mtengenezaji, wala si kwingineko, ulifungue ikiwa limebanwa, kisha ulitie katika flashi yenye mfumo wa faili wa FAT32. Kwa Samsung, kilichofunguliwa huwekwa moja kwa moja katika flashi. Kwa LG, huwekwa ndani ya folda iitwayo LG_DTV, herufi kwa herufi, la sivyo runinga haitaliona faili.

Yaliyosalia ni mepesi: chomeka, ingia katika mipangilio, ukubali kusasisha. Hatari iliyopo ni umeme, maana ukikatika katikati ya kazi, runinga yaweza kugoma kuwaka kabisa. Basi, tafadhali, usiichomoe flashi wala kuizima runinga hadi itakapojiwasha upya yenyewe.