Kokoto na Moramu: Fahamu Kiasi Unachohitaji Kabla ya Kuita Lori

Kaya nyingi hununua kokoto au moramu mara chache sana maishani: wakati wa ujenzi wa nyumba, au pale mvua za masika zinapogeuza njia ya kuingilia nyumbani kuwa tope. Kwa kuwa manunuzi haya ni ya nadra, mnunuzi hukosa uzoefu wa kukadiria, na mara nyingi humwachia fundi au dereva aamue ni tripu ngapi zinahitajika. Hapo ndipo hasara huanzia. Mzigo ukipungua, mnunuzi hulazimika kuita lori jingine na kulipia usafiri upya. Ukizidi, fedha yake hubaki imelala nje ya ukuta. Makala hii inaeleza namna ya kukokotoa mahitaji yako mwenyewe, na namna ya kuhakikisha kuwa ulicholipia ndicho ulicholetewa.

Tripu si kipimo

Tripu ni safari ya lori. Malori mawili yanayofanana kwa nje yanaweza kuwa na bodi zenye ujazo tofauti, na lori lile lile linaweza kujazwa hadi ukingoni leo, kisha kesho likaletwa likiwa limepungua sentimita 15. Kwa sababu hiyo, bei ya tripu ya muuzaji mmoja haiwezi kulinganishwa na bei ya tripu ya mwingine mpaka zote mbili zigeuzwe kuwa bei ya mita moja ya ujazo.

Mita moja ya ujazo ni nafasi yenye urefu wa mita 1, upana wa mita 1 na kimo cha mita 1. Kwa kipimo kinachofahamika nyumbani, ni sawa na ndoo 50 za lita 20, zikiwa zimejaa na kusawazishwa juu. Kwa kazi ndogo inayofanywa kwa toroli, pima kwanza toroli lako huchukua ndoo ngapi, kwani matoroli nayo hutofautiana.

Hatua ya kwanza: pima eneo

Tumia tepu ya kupimia, si hatua za miguu. Tuchukue mfano wa njia ya gari kutoka getini hadi barazani yenye urefu wa mita 18 na upana wa mita 3. Eneo lake ni 18 × 3, yaani mita za mraba 54. Ikiwa upana si sawa kila mahali, pima sehemu tatu au zaidi, jumlisha, kisha gawanya kwa idadi ya vipimo ili kupata wastani.

Eneo lisilo na umbo la mstatili ligawe katika vipande. Kipande cha pembetatu, zidisha kitako kwa kimo, kisha gawanya kwa 2. Mahali pa duara, kama pa kugeuzia gari, zidisha nusu kipenyo kwa nusu kipenyo, kisha zidisha kwa 3.14. Duara lenye nusu kipenyo cha mita 4 lina eneo la takriban mita za mraba 50.

Iwapo fundi wako anapima kwa futi, zidisha idadi ya futi kwa 0.305 ili kupata mita, kisha endelea kwa mita peke yake. Kuchanganya futi na mita katika hesabu moja huharibu makadirio yote.

Hatua ya pili: amua unene wa kila tabaka

Njia inayopitisha gari dogo kwa kawaida huhitaji matabaka mawili: la chini la moramu iliyoshindiliwa, na la juu la kokoto. Katika mfano wetu, tabaka la chini lina unene wa sentimita 10 na la juu sentimita 5. Njia ya waenda kwa miguu huweza kutosheka na sentimita 5. Ardhi ya mfinyanzi, au inayotuamisha maji, huhitaji tabaka la chini lililo nene zaidi. Mwombe fundi akueleze sababu ya unene anaopendekeza, kwa kuwa kila sentimita inayoongezwa ina gharama yake.

Kabla ya kuzidisha, geuza sentimita kuwa mita kwa kugawanya kwa 100. Sentimita 10 ni mita 0.10, na sentimita 5 ni mita 0.05. Anayeandika 0.5 badala ya 0.05 ataagiza mzigo mara kumi ya mahitaji yake.

Hesabu ya mfano wetu ni hii:
Moramu: 54 × 0.10 = mita za ujazo 5.4.
Kokoto: 54 × 0.05 = mita za ujazo 2.7.

Hatua ya tatu: ongeza kiasi kinachopotea kwa kushindilia

Hesabu iliyotangulia inahusu tabaka lililokwisha kutandazwa na kushindiliwa, ilhali mzigo huletwa ukiwa haujashindiliwa na una nafasi za hewa ndani yake. Kwa makadirio ya nyumbani, ongeza robo kwa moramu na sehemu moja ya kumi kwa kokoto:
Moramu: 5.4 × 1.25 = mita za ujazo 6.75.
Kokoto: 2.7 × 1.10 = takriban mita za ujazo 3.

Hivi ndivyo viwango vya kuagiza. Ikiwa muuzaji anauza kwa tani, kumbuka kuwa mita moja ya ujazo ya kokoto kavu zisizoshindiliwa huwa na uzito wa takriban tani 1.5; hivyo mita 3 ni kama tani 4.5. Mzigo uliolowa huwa mzito zaidi, na anayenunua kwa uzito hulipia na maji.

Pima mzigo kabla haujamwagwa

Tuseme muuzaji amekuahidi tripu moja ya moramu yenye mita za ujazo 7, na umeona kuwa inatosheleza mahitaji yako ya 6.75. Lori likifika, mwombe dereva asawazishe mzigo, kisha pima ndani ya bodi, si nje. Tuseme umepata urefu wa mita 4.2, upana wa mita 2.1 na kimo cha mzigo mita 0.7. Zidisha: 4.2 × 2.1 × 0.7 = mita za ujazo 6.17.

Upungufu ni mita za ujazo 0.83. Tukichukua bei ya mfano ya shilingi 40,000 kwa mita moja ya ujazo, mnunuzi amelipishwa takriban shilingi 33,000 kwa mzigo ambao hakuletewa. Isitoshe, moramu hiyo itatosha njia yenye urefu wa mita 16.5 tu. Mita 1.5 zilizobaki zitakosa tabaka la chini, na hapo ndipo gari litakapotitia mvua ikinyesha.

Unapopima, zingatia yafuatayo:
• Kilima cha katikati kinaweza kuficha pembe zilizo tupu. Usipime mzigo ambao haujasawazishwa.
• Ili kupata kimo, pima kina cha bodi kutoka ukingoni hadi sakafuni, kisha toa nafasi iliyo wazi juu ya mzigo.
• Kagua sakafu ya bodi baada ya mzigo kumwagwa, uhakikishe hakukuwa na mbao, udongo uliogandamana au kitu kingine kilichojaza nafasi.
• Mzigo hutulia kidogo njiani kwa mtikisiko. Ili kuepusha mabishano, kubalianeni mapema kuwa kipimo kitakachohesabiwa ni kile cha nyumbani kwako.

Mzigo ukishamwagwa, kuthibitisha upungufu huwa vigumu, kwani rundo halina umbo linalopimika kwa uhakika. Pia, usikamilishe malipo kabla ya kupima.

Haki yako na wajibu wako

Sheria ya Vipimo, Sura ya 340, humlinda mnunuzi dhidi ya kupunjwa. Wakala wa Vipimo hufanya uhakiki wa malori yanayobeba mchanga na kokoto ili ujazo wa bodi zake ufahamike. Kabla ya kununua, mwombe muuzaji akuoneshe uthibitisho wa uhakiki, na usione haya kupima mwenyewe. Mfanyabiashara mwaminifu hapotezi chochote kwa kupimwa.

Dai stakabadhi inayotaja idadi ya mita za ujazo, si neno "tripu" pekee. Stakabadhi isiyotaja kiasi haiwezi kukusaidia kudai upungufu. Iwapo umebaini kuwa umepunjwa, andika namba ya usajili wa lori, tarehe na vipimo ulivyochukua, piga picha ya mzigo ukiwa bado ndani ya bodi, kisha toa taarifa katika ofisi ya Wakala wa Vipimo ya mkoa wako.

Kwa muhtasari: zidisha urefu kwa upana kwa unene, vyote kwa mita, ongeza robo kwa moramu na sehemu moja ya kumi kwa kokoto, agiza kwa mita za ujazo, na pima ndani ya bodi kabla mzigo haujamwagwa. Kazi hii huhitaji tepu, kalamu na dakika chache tu mbele ya geti lako.