Kisite kwa siku moja: uliza maji kabla ya kuuliza bei

Mara ya kwanza kwenda Kisite nilikwenda kama mgeni, na nikaliwa kama mgeni.

Mimi ni mzaliwa wa Mombasa, mamangu ni mtu wa Vanga, na Shimoni na Wasini ni majina niliyoyasikia nyumbani tangu utotoni. Hata hivyo, nilipotaka kuwapeleka wanangu kutembea baharini wakati wa likizo, nilifanya kama mtu aliyeshuka ndege jana. Nilimpigia simu dalali mmoja wa ufuoni, nikalipa alichotaja, nikaambiwa niwe gatini saa tatu asubuhi. Sikuuliza mwezi una siku ngapi. Sikuuliza upepo. Ilikuwa Julai, na kusi limeshika.

Tulipigwa na mawimbi njia nzima, na mdogo wao akatapika mpaka usingizi ukamchukua. Nahodha alipoona pomboo alikoleza injini na kuwafukuza, boti nyingine tatu zikaungana naye, pomboo wakazama na hatukuwaona tena. Tulipofika, nanga ilitupwa moja kwa moja juu ya matumbawe. Maji yalikuwa yamevurugika, huoni chini. Tuliporudi Wasini kula, saa nane mchana, bahari ilikuwa imekupwa. Ikabidi nimshike mamangu mkono tuvuke kwa miguu juu ya miamba yenye ncha, lesso imerowa hadi magotini.

Hayo yote niliyasahau. Nisilolisahau ni swali la mwanangu wa miaka 9. Kijana wa botini alirusha vipande vya mkate, samaki bapa wa manjano mwenye mistari akapanda juu, na kijana akamtaja kwa jina la Kizungu. Mwanangu akanigeukia: "Mama, kwa Kiswahili anaitwaje?" Sikujua.

Jioni ile nilimpigia simu mjomba wangu, ambaye amevua maji hayo kwa mshipi na malema tangu ujanani. Nilimsimulia safari yetu, akacheka, kisha akanyamaza. "Mwanangu," akasema, "ulikwenda bila kuuliza maji." Nikamwomba tuende pamoja mara nyingine. Akakataa. Kule, alisema, si kwao tena, walifungiwa.

Maneno yake yana asili, na kila anayekwenda Kisite afaa kuijua. Hifadhi ya bahari ya Kisite na Mpunguti ilitangazwa rasmi mwaka 1978, na inasimamiwa na shirika la KWS. Ina sehemu mbili. Kisite yenyewe, yenye kilomita 28 za mraba hivi, haivuliwi kabisa. Mpunguti, yenye kilomita 11 za mraba hivi, inavuliwa kwa njia za asili tu. Kwa mtalii huo ni mstari kwenye ramani. Kwa mjomba ni mwamba aliofundishwa na babake, ambao siku moja aliambiwa asitie mshipi tena.

Ilinichukua miezi kadhaa kumshawishi. Mwishowe alikubali kwa sharti moja: siku aichague yeye. Na hapo ndipo nilipojifunza jambo ambalo hakuna dalali aliyewahi kuniambia.

Mjomba hakuangalia kalenda ya ukutani. Aliuliza tarehe ya mwezi mwandamo. Maji ya pwani yetu yanafuata mwezi: mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, huwa ni bamvua. Maji hujaa sana na kupwa sana, na tofauti kati ya kujaa na kupwa hufika mita 4 hivi. Mwezi ukiwa nusu, kama tarehe 7 au 8 na tarehe 21 au 22, huwa ni maji mafu, na bahari haipandi wala haishuki sana. Siku za bamvua maji hupwa karibu saa nne asubuhi na kujaa karibu saa kumi alasiri. Siku za maji mafu ni kinyume chake: saa nne asubuhi maji yamejaa, saa kumi yamekupwa. Kila siku inayopita, saa hizo husogea mbele, kwa wastani dakika 50 hivi.

Sasa fanya hesabu. Maji yanapotoka hubeba tope la mikoko na la mkondo wa Wasini, ndiyo maana huoni kitu. Yanapoanza kuingia huleta maji safi ya bahari kuu. Kwa hiyo siku nzuri ni ile ambayo maji yanakupwa kati ya saa tano na saa sita mchana. Unafika Kisite fungu la mchanga likiwa limejitokeza, unaingia majini bahari imetulia, maji yanaanza kujaa ukiwa bado unaogelea, na ukirudi Wasini mchana boti inasogea karibu na nchi kavu. Siku hizo huwa karibu na tarehe 3 na tarehe 17 za mwezi mwandamo. Kila msikiti una mtu ajuaye tarehe hizo. Bado mwulize nahodha, kwa sababu yeye huyaona maji kila siku.

Baada ya mwezi, upepo. Kaskazi, kuanzia Desemba hadi Machi, ndiyo msimu wa bahari shwari na maji meupe. Oktoba na Novemba, upepo unapogeuka, nako kuzuri. Kusi, hasa Juni na Julai, ni la wenye tumbo gumu, ingawa lina zawadi yake: kati ya Julai na Septemba nyangumi hupita pwani yetu na wana wao, na aliye na bahati huwaona.

Mjomba alichagua siku ya Februari. Tulivuka Likoni alfajiri, tukapita Ukunda na Msambweni, tukaipita Ramisi na kukata kushoto pale Kanana hadi Shimoni. Kutoka Mombasa ni kilomita 80 hivi. Safari hii hatukupitia dalali. Tulizungumza na wenye boti wa pale pale, na kabla ya kutaja bei niliuliza maswali manne ambayo sasa humpa kila anayeniuliza.

La kwanza: jaketi za kuokolea ziko ngapi, na za watoto zipo? Waambie wakuonyeshe. La pili: bei hii ina nini ndani yake? Kiingilio cha hifadhi hulipwa kwa KWS, mbali na boti, na raia mwenye kitambulisho hulipa kidogo kuliko mgeni, kwa hivyo usisahau kitambulisho na usikubali kukatwa bei ya mgeni. La tatu: mtafunga boti kwenye boya au mtatupa nanga? Nanga moja huvunja kwa dakika moja jiwe lililokua miaka mingi. La nne: chakula tutakula wapi, na anapika nani? Ukila Wasini kwa akina mama wa kijijini, pesa yako imelala kijijini.

Pomboo tuliwakuta kabla ya Mpunguti. Hao ni wenyeji wa maji haya, si wapitaji. Nahodha alipunguza injini, akaenda nao ubavuni kwa mbali, hakuwakata mbele wala hakuingia kati ya mama na mtoto. Mmoja akaja mwenyewe akapiga mbizi chini ya boti yetu. Nilielewa kuwa mara ya kwanza hatukukosa bahati. Tuliwafukuza wenyewe.

Akina mama wengi huniuliza habari ya mavazi, nami nitasema wazi. Deraa iache botini. Ikishika maji hupanda juu na kukuzonga. Mimi niliingia na suruali ndefu, fulana ya mikono mirefu na kilemba kilichobana, nikavaa jaketi, miwani na mrija, na hakuna aliyenitazama mara mbili. Nguo hiyo ina faida nyingine: hukukinga na jua bila ya kujipaka mafuta ya dukani, ambayo mengine yana dawa zinazodhuru matumbawe. Jimbo la Hawaii huko Marekani limepiga marufuku uuzaji wa baadhi yake tangu mwaka 2021.

Vaa miwani, inamisha uso, pumua kwa mdomo. Hivyo tu. Ukishaona chini, kumbuka kuwa kile unachokiita jiwe si jiwe. Matumbawe ni wanyama wadogo mno, maelfu kwa maelfu, wanaojenga nyumba ya chokaa na kuishi ndani yake. Aina zile za mviringo kama kichwa hukua sentimita 1 hivi kwa mwaka. Tumbawe lenye ukubwa wa meza ya kulia lilianza kabla ya babu zetu. Usilikanyage, usilishike, usichukue hata kipande kilichokufa. Bahari ikipata joto kupita kiasi, wanyama hao hupoteza rangi, huwa weupe, na joto likidumu hufa. Mwaka 1998 joto la namna hiyo liliua sehemu kubwa ya matumbawe ya pwani yetu. Yanayoonekana leo ni yaliyonusurika na yaliyoota upya.

Mjomba hakutaka kuingia majini. Miaka yote hiyo alikuwa akiiona bahari kutoka juu: mshipi unashuka, samaki anapanda. Mwanangu ndiye aliyemwekea miwani. "Babu, tazama tu kidogo." Mzee akashika ngazi ya boti, akainamisha uso, na hakuuinua kwa muda mrefu mpaka nikaingiwa na wasiwasi.

Alipoinuka alianza kutaja majina. Yule wa manjano mwenye mistari ni kitatange. Yule wa kijani na waridi mwenye mdomo kama wa kasuku ni pono, na anakwangua mwamba kwa meno yake. Nahodha akaongeza kuwa chokaa anayoimeza hutoka nyuma ikiwa mchanga, na sehemu ya mchanga mweupe wa lile fungu ni kazi ya pono. Mwanangu alicheka mpaka akanywa maji ya chumvi. Yule mnene anayejificha ni kikande, na kazi yake ni kula shokoshoko. Mahali kikande wakivuliwa wakaisha, shokoshoko huzidi na kuuguguna mwamba hadi ukabaki tupu. Samaki kila mmoja ana kazi yake, na ndiyo maana hawarushiwi mkate. Samaki wa kulishwa huiacha kazi.

Kisha akaonyesha kwa kidole, sauti imeshuka: chewa, mkubwa kama mtoto, ametulia chini ya mwamba.

Tulikula Wasini, kisiwa cha Wavumba chenye urefu wa kilomita 5 hivi, ambacho watu wake kwa miaka mingi wamekunywa maji ya mvua waliyoyakinga birikani. Tulisali adhuhuri msikitini, tukala kaa, samaki wa kupaka na wali wa nazi. Baadaye tukapita kwenye njia ya mbao inayoendeshwa na kikundi cha akina mama wa hapo, inayokatiza kati ya mikoko na miamba ya matumbawe ya kale iliyoachwa nchi kavu. Kiingilio ni kidogo, na aliyetukatia tikiti ndiye aliyetueleza jinsi mikoko inavyoyalea makinda ya samaki kabla hayajahamia mwambani. Usipange safari ukaiacha njia hiyo.

Njiani kurudi nilimuuliza mjomba kama bado anasema walifungiwa. "Walitufungia kweli," akasema. "Hawakutuuliza vizuri, na hilo sitalisema vingine." Akatazama maji. "Lakini chewa wa ukubwa ule mara ya mwisho nilimuona nikiwa na babangu. Na samaki hajui mpaka. Akizidi mle, hutoka akaja kwa mwenye mshipi."

Nami sitampinga kwa lolote kati ya hayo mawili. Hifadhi imelinda samaki, na wavuvi waliilipia kwa maeneo yao. Haki ni kwamba wenye deni hilo walipwe kwa kazi ya boti, ya jikoni na ya kuongoza wageni, na sisi wa Mombasa na Kwale tunaweza kusaidia tukienda wenyewe na kuwalipa wao, badala ya kuiachia safari hiyo wageni na madalali.

Kwa hiyo ukipanga kwenda, uliza tarehe ya mwezi, uliza upepo, uliza yale maswali manne. Na ukiwa na mzee mvuvi katika ukoo, mchukue. Kijana wa botini atakuonyesha samaki, lakini jina lake huenda hajafundishwa. Mwanangu ana daftari lenye majina 14 sasa, yameandikwa kwa penseli, na mbele ya kitatange ameweka nyota. Mjomba amemwambia hajafika hata nusu, na wamekubaliana kurudi kaskazi ijayo.