Uluguru: Matembezi Yanayofundisha Thamani ya Maji

Tulikuwa watu sita, wazee na watoto, nyuma ya kijana wa Kiluguru aliyetuongoza kutoka mjini Morogoro hadi Morningside. Kundi dogo lina baraka zake: kila mzee alipochoka, sote tulisimama. Njiani akina mama walishuka na vikapu vya mboga kuelekea sokoni, tukasalimiana.

Juu tuliikuta nyumba ya zama za Wajerumani. Watoto walipouliza habari za watawala wale, kiongozi wetu aliwajibu kwa ufupi, kisha akawaonesha kijito. Maji ya upande huu, alisema, huteremka hadi Mto Ngerengere, nao humwaga katika Ruvu, unaowanywesha wakazi wa Dar es Salaam. Msitu unaoyalinda ulitangazwa hifadhi ya mazingira asilia mwaka 2008.

Adhuhuri ilipoingia tulitawadha pale, tukaswali jamaa. Kijana wetu mdogo, ambaye nyumbani Dar es Salaam huliacha bomba wazi, aliyakinga maji viganjani kwa uangalifu mkubwa.

Wazazi wenzetu, tumewakemea watoto mara ngapi kuhusu israfu? Tuwapeleke wakaione chemchemi.