Lupita Nyong'o: Kutoka Jukwaa la Nairobi hadi Oscar

Lupita Nyong'o, mwigizaji Mkenya, alizaliwa Mexico tarehe 1 Machi 1983, wakati baba yake, Profesa Peter Anyang' Nyong'o, akiishi huko uhamishoni. Alilelewa Nairobi, na akiwa na miaka 14 alipanda jukwaani kama Juliet katika tamthilia ya Shakespeare iliyochezwa na kundi la Phoenix Players.

Kazi zake za mwanzo katika filamu zilikuwa nyuma ya kamera. The Constant Gardener ilipopigwa nchini Kenya, alikuwa miongoni mwa wasaidizi wa utayarishaji. Mwaka 2009 aliongoza In My Genes, filamu ya hali halisi kuhusu Wakenya wenye ualbino. Mwaka huohuo watazamaji wa televisheni walimjua kwa jina la Ayira katika Shuga, tamthilia ya vijana iliyopigwa Nairobi ikiwa na mafunzo kuhusu virusi vya Ukimwi. Kisha akaenda kusomea uigizaji katika Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, akahitimu mwaka 2012.

Mwaka uliofuata ilitoka 12 Years a Slave, iliyoongozwa na Steve McQueen. Lupita ni Patsey, mtumwa anayechuma pamba nyingi kuliko wanaume wote shambani. Bibi mwenye shamba humnyima hata sabuni, naye anakwenda kuiomba kwa jirani. Anaporudi na kipande mkononi, bwana wake anaamuru afungwe kwenye nguzo na kuchapwa mijeledi. Kwa nafasi hiyo, tarehe 2 Machi 2014, alitunukiwa Oscar ya mwigizaji msaidizi bora wa kike, Mkenya wa kwanza kushinda Oscar ya uigizaji.

Baada ya hapo hakujifungia katika aina moja ya kazi. Mwaka 2016 aliigiza Broadway katika Eclipsed, inayohusu wanawake katika vita vya Liberia, na pia katika Queen of Katwe, kama mama wa msichana wa Kampala aliye bingwa wa sataranji. Alikuwa Nakia, mpelelezi wa Wakanda, katika Black Panther ya 2018. Katika Us ya 2019 alicheza watu wawili wenye sura moja, mmoja akiwa na sauti ya kukwaruza.

Kwa vijana wa Malindi na Kilifi wanaojiandaa kila mwaka kwa tamasha la drama la shule, mpangilio wa kazi hii unafaa kuzingatiwa: jukwaa, utumishi nyuma ya kamera, televisheni na darasa vilitangulia, tuzo ilifuata.